Shangazi wa Zeu

Posa ilipokelewa vizuri, ikaandaliwa vizuri, halafu ikakataliwa na mashine.

Wazee wa nyumba ya Aresi walikuwa wameingia ukumbini mwa nyumba ya Afrodita na kanzu zilizopigwa pasi mpaka zikataka kusimama zenyewe. Walikaribishwa kahawa na maandazi, wakayasifu maandazi. Mshenga wao akazungusha maneno kama washenga wote wa dunia hii na nyingine, akasema wameona ua katika bustani ya wenyewe na wanaomba ruhusa ya kulichuma. Kila mtu ukumbini alijua kwamba ua ni Siwema na mchumaji ni Ambilikile. Tena kila mtu alijua kwamba ua limekwisha kuchumwa, maana tumbo la Siwema lilikuwa limefika mahali ambapo hakuna dera la kulificha.

Bi Shinuna, mtunza nasaba, alikuwa amekaa kwenye kiti chake cha pembeni, akiomba kimoyomoyo kwamba Mlezi aseme lolote isipokuwa lile alilokuwa na hakika atalisema.

"Ndugu hawaoani," Mlezi akasema kutoka darini. Mashine ile ilikuwa na sauti ya upole, sauti ya mama anayemwambia mtoto kuwa uji umekwisha. "Aresi ni mtoto wa Zeu. Afrodita ni mtoto wa Zeu. Posa hii ni mwiko. Chombo cha kwenda mwezi wa Yapeto kikifika kesho kutwa, mmoja wao ataondoka nacho na hatarudi. Poleni sana."

Mshenga akabaki na andazi mkononi, hajui ale au alirudishe.

Aliyesimama ni Mzee Kigahe, mkuu wa nyumba ya Aresi, mtu mrefu, mkavu, ambaye hakuna aliyekumbuka kumwona akicheka. "Mlezi," akasema, "hao miungu wenyewe walioana. Zeu alimwoa Hera, dada yake wa tumbo moja. Na Aresi na Afrodita unaowataja, si walikutwa wamelala pamoja?"

Akina mama wakakohoa.

"Ni kweli," Mlezi akajibu. "Lakini walezi wa kwanza walinifundisha hivi: tumechukua ukoo wao, hatukuchukua tabia zao."

Ikawa posa imekwisha. Ambilikile aliinama akaokota kofia yake ambayo haikuwa imeanguka, na Siwema akaondoka ukumbini bila kumtazama mtu.

*

Kosa lilikuwa la zamani, na lilikuwa la watu wema.

Titani, mwezi mkubwa wa Zohali, una ukungu wa rangi ya chungwa, mvua isiyo ya maji, na hewa isiyomfaa hata mende. Huko ndiko walezi kumi na wawili walikoletwa na shehena ya mbegu za watu zilizogandishwa, mbegu ambazo wenyewe hawakujulikana, wakaambiwa walee. Watoto wakazaliwa katika vyupa, mamia kwa mamia, wazima wa afya, bila baba, bila mama, bila hata mtu wa kumsingizia kwamba pua hii umeirithi kwake. Walezi walihuzunika. Mtoto asiye na shangazi atachekwa na nani siku ya ngoma yake? Mtu asiye na mjomba atalalamika kwa nani?

Wakaamua kuwapa ukoo. Hapo ndipo vita ilipoanza, kwa sababu kila mmoja wao alitaka watoto wote waingie ukoo wake. Mpemba hakukubali wawe Wanyakyusa, Mnyakyusa hakuona kwa nini wawe Wapemba, na Mhehe alisema akifa ndipo watoto wake wataitwa Wasukuma. Walibishana mpaka maziwa ya watoto yakaungua jikoni. Mwishowe wakachukua ukoo usiokuwa wa yeyote kati yao, ukoo wa miungu wa Wagiriki, ambao majina yake yalikwisha kupachikwa kwenye miezi mingi iliyozunguka huko juu. Kila nyumba ikapewa jina: Zeu, Hera, Poseido, Aresi, Afrodita na nyingine. Waliokuwa ndugu katika hadithi wakawa ndugu Titani. Walifikiri wanapatanisha ugomvi wa jikoni, kumbe wanatunga sheria ya watu ambao hawajazaliwa.

Kisha undugu ukawa hewa. Kila nyumba ilikuwa na tangi lake, na kati ya nyumba zilizopakana palikuwa na bomba nene lenye koki iliyoendeshwa na Mlezi. Nyumba ikipasuka na hewa ikaanza kuvuja, Mlezi aliangalia nasaba kwanza. Kwa ndugu koki ilifunguka yenyewe, kabla mtu hajapiga kelele. Kwa wasiohusiana ilikaa imefungwa mpaka wazee wakae kikao, na pumzi haijui kusubiri kikao.

Bi Shinuna aliyajua hayo kwa mapafu yake mwenyewe. Alizaliwa nyumba ya Afrodita, na alikuwa msichana mdogo ukuta wa mashariki ulipopasuka. Alikumbuka masikio kuuma, na mwalimu wao akiwapangusa damu puani kwa upindo wa kanga, na ule mlio mzito wa koki ya Aresi kufunguka. Darasa zima lilivuta hewa ya ndugu zao likaishi. Baadaye alipochaguliwa kuwa mtunza nasaba, aliondolewa katika nyumba yake kama ilivyokuwa desturi, ili asipendelee mtu. Tangu hapo alikaa katika chumba cha peke yake kando ya ujia mkuu, akipumua hewa ya njiani, hana koki ukutani wala wa kumwita ndugu. Kazi aliipenda. Upweke hakuupenda, ila hakuwahi kuulizwa.

*

Baada ya wageni kutawanyika alikwenda kwenye chumba cha nasaba, akafunga mlango.

"Mlezi, unaijua hadithi ya povu?"

"Naijua. Watoto wa Afrodita huiimba wakiogeshwa. Urano alikatwa na mwanawe Krono mahali ambapo mbele ya watoto hapatajwi. Kilichokatwa kikaangukia baharini, povu likafura, na katika povu akatoka Afrodita, mtu mzima, hana mama."

"Na ile nyingine?"

"Afrodita ni binti wa Zeu na Dione. Hiyo ndiyo niliyopewa niitumie."

"Ipi ni ya kweli?"

"Wagiriki wenyewe walisimulia zote mbili na wakalala usingizi. Mimi nilikuwa na nafasi ya baba mmoja kwa kila nyumba. Mlezi aliyekuwa zamu siku hiyo aliipenda ya Dione."

Bi Shinuna akakaa. Kwa hiyo Siwema alikuwa anafukuzwa kwa sababu ya zamu. Akahesabu kwa vidole, kama walivyofundishwa watoto wote wa Titani. Urano alimzaa Krono. Krono akamzaa Zeu. Zeu akamzaa Aresi. Kama Afrodita ni binti wa Urano, basi si mtoto wa Zeu hata kidogo. Ni dada wa baba yake. Zeu, mkuu wa miungu, mpiga radi, angepaswa kumwamkia huyo binti kwa adabu zote, kwa maana ni shangazi yake. Na kwa Aresi, dada wa babu ni nani?

"Mlezi, nitajie miko ya ndoa."

"Ndugu na ndugu. Mzazi na mtoto. Shangazi au mjomba na mpwa wake."

Bibi hakuwemo. Hakuna mlezi aliyefikiria kumkataza mtu kumwoa bibi yake, wakati kwao kila mvulana alikua akimwita bibi yake mke wangu na kutishiwa talaka kwa kutoleta kuni.

Bi Shinuna akasogeza kiti karibu. "Nikitamka kwamba Afrodita ni wa povu, koki ya Aresi itakuwaje?"

"Sihesabu undugu usiotamkwa."

Jibu hilo alilitarajia. Zamani watu walikuwa wakija chumba hiki kujaribu ndugu kama wanaojaribu viatu: nikiwa mpwa wa Poseido nitapata hewa kiasi gani, nikiwa binamu wa Hera je? Kukawa na siku nyumba nzima ilibadili babu mara mbili kabla ya chakula cha mchana. Walezi wakaikataza mashine kujibu. Tangu hapo undugu hutamkwa kwanza ndipo huhesabiwa, na ukibadilishwa haurudi ulivyokuwa.

"Naweza kukuambia kitakachoondoka, kwa sababu kipo," Mlezi akaongeza. "Koki ile ni ya ndugu, na haijafungwa tangu ukuta upasuke. Undugu ukiondoka itafungwa."

"Na kitakachokuja?"

"Hicho hakijatamkwa, Bi Shinuna."

Nyumba zote za Titani zilikuwa za Zeu, ndugu zake na watoto wake. Haijawahi kuwako nyumba iliyokuwa bibi wa nyumba nyingine, na hapakuwa na koki ya bibi mahali popote. Ingeweza kufunguka au isifunguke. Upande mmoja walikuwa vijana wawili na mtoto ambaye angezaliwa bila kumjua baba yake. Upande wa pili walikuwa watu wote wa nyumba ya Afrodita, na ukuta wa mashariki uliozibwa ambao kila mtu aliupapasa akipita.

*

Siwema alikuwa anakunja nguo. Alikunja vizuri, kona juu ya kona, kama Bi Shinuna alivyomfundisha alipovunja ungo na kuwekwa ndani. Bi Shinuna ndiye aliyekuwa somo yake, ndiye aliyemfunda namna ya kuoga, kuketi na kunyamaza, ingawa hilo la mwisho halikumwingia.

"Ukimwambia Ambilikile ninalia nitakukana, somo," akasema bila kugeuka.

"Sitamwambia. Kaa, nikueleze jambo."

Akamweleza lote, la povu, la bibi na la koki. Siwema alisikiliza huku ameshika blauzi ya mtoto mchanga ambayo haikuwa inajaa hata kiganja. Bi Shinuna alipomaliza, binti alitikisa kichwa.

"Usifanye."

"Siwema."

"Usifanye, somo. Kuna watoto chekechea yetu wanaoniita dada kila asubuhi. Nikae hapa na mume wangu, halafu siku ukuta ukipasuka niwatazame machoni niwaambie nini? Kwamba niliona uchungu kwenda Yapeto?" Akakunja ile blauzi mara mbili. "Yapeto kuna watu. Nitazoea."

Bi Shinuna alikuwa amemfunda mwenyewe, na sasa alitamani angemfunda ubinafsi kidogo. Alitoka pale akiwaza kwamba ingekuwa rahisi zaidi kama Siwema angemwangukia miguuni na kumwomba.

*

Bi Shinuna alimkuta Mzee Kigahe chini, kwenye njia ya mabomba, amelala chali akipaka grisi koki ya ndugu. Nyumba ya Aresi ilikuwa na vijana tele wa kazi hiyo, lakini mzee hakuwaamini. Yeye alikuwa kijana wa zamu siku ukuta ulipopasuka, na inasemekana tangu siku ile haijapita juma bila kuigusa koki hii.

"Mtunza," akamsalimu, kwa heshima na kwa umbali, kama alivyomwita miaka yote. Akajiinua akakaa, akapangusa mikono.

Bi Shinuna akamsimulia. Hakuficha kitu, hata hofu yake. Mzee alisikiliza akiitazama koki.

"Ngoja nielewe," akasema. "Afrodita akiwa wa povu, ni dada wa Krono."

"Ndiyo."

"Krono ni babu yetu sisi wa Aresi. Kwa hiyo Siwema ni bibi yangu."

"Ndiyo."

"Mimi na mvi hizi. Na wale wa chekechea, wanaopiga kelele ukutani kwangu nikilala mchana?"

"Bibi zako na babu zako wote."

Mzee akaigonga koki kwa kidole. "Basi kamwambie Ambilikile," akasema polepole, "kwamba anaoa mke wangu, na talaka sijaandika."

Bi Shinuna alimtazama kuhakikisha kama amesikia sawasawa. Uso wa mzee ulikuwa mkavu vilevile, ila mabega yalikuwa yanatikisika. Ikamchukua muda kuelewa kwamba Mzee Kigahe anacheka, na yeye mwenyewe akashikwa na kicheko kikamwinamisha, wakacheka wawili hao kwenye njia ile ya mabomba wakiwa na grisi na machozi usoni.

"Hakuna aliyekufundisha utani huo," Bi Shinuna alisema alipopata sauti.

"Nani anafundishwa kutaniana na bibi yake?" Kisha mzee akarudia uso wake wa kila siku. "Lakini utani haujazi tangi."

"Najua. Nikuulize. Bibi yako akikosa pumzi, ungempa kiasi gani cha yako?"

Mzee alionekana kama aliyetukanwa. "Bibi hapimiwi."

"Hilo unalijua wewe. Mlezi je?"

"Mlezi alijifunza kwa wale walezi."

"Ndiyo hofu yangu. Sijui kama walikuwa wema kwa bibi zao."

Mzee Kigahe akafunika kopo la grisi. Alisema kwamba kama watu wa Afrodita watakubali, watoto wao wote walale kwake siku hiyo, na vijana wake wakae hapa njiani na spana, ili koki ikikataa waifungue kwa mkono. "Mkono wa mtu unachelewa," akasema. "Ila si kama kikao."

*

Kesho yake asubuhi Bi Shinuna alisimama mbele ya nyumba nzima ya Afrodita. Hakutaka kutamka peke yake chumbani, ingawa sheria ilimruhusu. Hewa ilikuwa yao.

Akawaambia hadithi zote mbili. Akasema hajui ipi ni ya kweli na hatajifanya anajua. "Sijaja kuwaambia kwamba tulikosea na sasa nimepata haki," alisema. "Walezi walitupa ukoo ili mtu asikae peke yake. Sasa ukoo huohuo unamtoa binti mjamzito kwa mumewe. Nikitamka la povu, Siwema anabaki. Lakini mtapoteza ndugu zenu, na sijui koki itafanya nini. Naweza kuwa nawatia hatarini kwa sababu nampenda mtoto niliyemfunda. Mjue hilo kabla hamjasema ndiyo."

Siwema aliinuka aseme neno, na mama mmoja mnene wa jikoni, Bi Masalu, akamvuta dera akamkalisha.

"Wewe kaa," akamwambia. "Umekwisha kusema yako, sote tumeyasikia, kuta hizi nyembamba." Akawageukia wenzake. "Mimi sitapika pilau la kumuaga mtu. Watoto wapelekwe kwa Aresi, wakubwa wavae barakoa, na mtunza aseme."

Wengine walinung'unika, wengine waliutazama ukuta wa mashariki. Lakini mikono ilipanda, mmoja mmoja, mpaka ikawa mingi kuliko iliyobaki chini, na hiyo ya chini nayo ikapanda kwa kuona haya. Watoto wakapelekwa wakiwa na mito yao. Watu wakavaa barakoa, wakabaki wanatazamana kama vipepeo wa usiku.

Bi Shinuna alisafisha koo. Alikuwa ametamka nasaba za watoto wachanga mamia, lakini hakuwahi kutamka ya nyumba nzima.

"Natamka," akasema. "Kila aliyezaliwa katika nyumba ya Afrodita ni mtoto wa Urano, wa povu, dada na ndugu wa Krono. Si wa Zeu."

"Nimesikia," Mlezi akasema.

Chini ya miguu yao, chuma kikakaa juu ya chuma. Koki ya ndugu ilikuwa imefungwa. Kwenye kipimo cha ukutani sindano ya akiba ikaanza kushuka, kwa kuwa sasa nyumba ilihesabiwa kwa tangi lake tu, na ikaendelea kushuka mpaka ikaingia kwenye rangi nyekundu. Mtu mmoja nyuma akaanza kulia ndani ya barakoa. Bi Shinuna alimtafuta Siwema kwa macho akamwona ameshika tumbo kwa mikono miwili.

"Mlezi," akaita.

"Natafuta."

Kuta zilinguruma kidogo kama kawaida yake.

"Bi Shinuna," Mlezi akasema hatimaye, "nimetafuta katika kanuni zote. Hakuna kanuni ya bibi."

Bi Shinuna tayari alikuwa anawaza vijana wenye spana, na jinsi ya kuwaomba radhi watu hawa maisha yake yote.

"Nimepata mazungumzo tu," Mlezi akaendelea. "Niliyasikia kabla ninyi hamjatoka katika vyupa. Walezi walikuwa wanaosha chupa jikoni. Yule wa Pemba alisema kwamba kwao mwaka wa njaa bibi yake ndiye aliyepakuliwa kwanza, na wao watoto wakala ukoko. Yule Mhehe akasema yeye alimbeba bibi yake mgongoni mpaka hospitali, na njia nzima bibi akimsimanga kwamba anatembea vibaya. Wengine nao wakasimulia ya kwao. Walezi hao walibishana juu ya kila kitu, juu ya chumvi, juu ya majina, juu ya nani kaacha taa inawaka. Juu ya hili nilisikiliza sana. Hawakubishana."

Sindano ilikuwa bado kwenye nyekundu.

"Koki ya ndugu ilifunguka nusu, kwa sababu ndugu hugawana. Hii nitaifungua yote."

Mlio ulipokuja ulikuwa mzito kuliko ule wa utotoni mwake, na mrefu zaidi. Sindano ikatikisika, ikatoka kwenye nyekundu, ikapanda, ikapita mahali ilipokuwa asubuhi, na bado ikapanda. Bi Masalu alikuwa wa kwanza kuvua barakoa. Alivuta hewa mpaka kifua kikajaa, akaitoa kwa sauti, akakaa chini sakafuni akisema alhamdulillahi, alhamdulillahi, na wote wakaanza kusema kwa pamoja, kila mtu akimshika aliyekuwa karibu naye.

"Na posa?" mshenga akauliza kutoka mlangoni, ambako alikuwa amejibanza tangu asubuhi bila kualikwa.

"Mjukuu kumwita bibi yake mke," Mlezi akasema, "nimelisikia mara nyingi kuliko salamu. Sina pingamizi."

Siwema alimkumbatia somo yake kwa nguvu, tumbo likiwa katikati yao, akalia sana na hakukataza mtu kumwambia Ambilikile.

*

Ilipofika adhuhuri mji mzima ulikuwa umeshikwa na wazimu wa furaha. Watoto wa chekechea walirudishwa na wazee wa Aresi, na njia nzima waliwadai wazee hao shikamoo. Binti mmoja asiye na meno ya mbele alimwambia mkuu wa mafundi kwamba kama hataki kubeba mto wake atarudi kwao. Fundi akaubeba. Jikoni pilau lilikuwa linapikwa, na halikuwa la kumuaga mtu.

Bi Shinuna aliondoka katikati ya vigelegele. Alikuwa na furaha ya kweli, na alikuwa amechoka, na vigelegele ni vya watu wenye nyumba. Alikuwa anavua viatu chumbani mwake aliposikia hodi.

Mzee Kigahe alikuwa mlangoni. Amevaa kanzu ileile ya posa, na mkononi ameshika mfuko wa vyombo vya kazi. Aliinamisha kichwa.

"Shikamoo."

Bi Shinuna akacheka kwa uchovu. "Mzee, wewe ni mkubwa kwangu, ndimi nikuamkie. Mimi sina nyumba. Niliondolewa Afrodita zamani, unajua."

"Ulichoondolewa ni undugu wa zamani, na huo umeufuta mwenyewe leo. Huu ni mpya. Ulisema kila aliyezaliwa katika nyumba ya Afrodita." Mzee alikuwa ameyafikiria hayo kwa makini, ilionekana. "Nimemwuliza Mlezi. Amesema hukumtoa mtu."

Bi Shinuna alifungua kinywa amjibu, akayarudia maneno yake mwenyewe kimoyomoyo, moja baada ya jingine. Alikuwa amewahesabu watu wote wa nyumba ile, wazee kwa watoto, na mimba ya Siwema pia. Hakujihesabu. Akakaa kitandani, kiatu kimoja mguuni.

Mzee Kigahe hakungoja. Aliingia, akagongagonga ukuta kwa kifundo cha kidole, akasikiliza, akagonga tena pale juu ya kitanda.

"Hapa panafaa," akasema. "Bomba litapita hapa, koki ikae upande wa mkono wako wa kulia. Ila kutakuwa na vumbi."

Machozi yalikuwa yanamtoka Bi Shinuna na hakuyafuta.

"Marahaba, mume wangu," akasema Bi Shinuna, akainuka akavuta kitanda ili mzee apate nafasi ya kutoboa.